Kwa nini St Vincent ilikataa jamhuri mwaka 2009, na Barbados ikaipata bila kura ya maoni

Swali la msomaji, kwa ufupi: "Barbados ilimwondoa Malkia wa Uingereza mwaka 2021 bila wananchi kupiga kura. Jirani zao wa St Vincent na Grenadini waliulizwa mwaka 2009, wakakataa. Je, watu wa St Vincent walimpenda Malkia zaidi? Wangekubali, ni nini hasa kingebadilika? Na sisi Tanganyika tulipitaje mwaka 1962 bila kura ya maoni? Mwisho, wanaweza kujaribu tena?"

Ndugu msomaji, suala hili halikuwa la mapenzi. Ukiyachukua matokeo ya 2009 kama kipimo cha watu waliompenda Malkia Elizabeth, utayasoma vibaya tangu mstari wa kwanza. Karatasi ya kura haikuwauliza watu wa St Vincent kama wanamtaka Malkia. Iliwauliza kama wanaukubali mswada wa katiba mpya nzima, Ndiyo au Hapana, na kuondoa Ufalme kulikuwa jambo moja tu kati ya mengi yaliyokuwamo. Juu ya hilo, haikutosha Ndiyo kuzizidi Hapana. Zilitakiwa zifike mara mbili yake. Barbados haikuwa na sharti hilo hata kidogo. Naanza na sharti lenyewe, maana hapo mambo mengi yalishaamuliwa kabla kampeni hazijaanza.

Kifungu cha 38

St Vincent na Grenadini ni nchi ya watu laki moja na ushei: kisiwa kimoja kikubwa chenye mji mkuu wa Kingstown, na mlolongo wa visiwa vidogo kusini yake. Ilipata uhuru tarehe 27 Oktoba 1979 ikiwa na katiba iliyoambatanishwa na amri iliyotolewa London. Kifungu cha 38 cha katiba hiyo ndicho kinachoeleza namna ya kuibadilisha, na mambo yanayogusa mkuu wa nchi yamewekewa ulinzi wa juu kabisa.

Kwanza, lazima zipite siku zisizopungua 90 tangu mswada uwasilishwe bungeni hadi mjadala wa kusomwa mara ya pili uanze. Muda huo upo ili watu wausome mswada na kuujadili mitaani kabla wabunge hawajaushika. Pili, mswada uungwe mkono na theluthi mbili ya wabunge wote wa majimbo. Maseneta huketi katika Bunge hilohilo, lakini katika hesabu hii hawamo. Majimbo ni 15, kwa hiyo zinatakiwa kura 10. Tatu, mswada upelekwe kwa wananchi na upate theluthi mbili ya kura zote halali.

Hatua ya pili haikuisumbua serikali. Chama cha Unity Labour Party (ULP) cha Waziri Mkuu Ralph Gonsalves kilikuwa na wabunge 12 kati ya 15. Bunge lilipitisha mswada tarehe 3 Septemba 2009, na kura ya maoni ikapangwa Jumatano ya tarehe 25 Novemba.

Hatua ya tatu ndiyo iliyowashinda. Waliosema Ndiyo walikuwa 22,493. Waliosema Hapana walikuwa 29,019. Kwa asilimia, ni 43.13 dhidi ya 55.64 ya kura zote zilizopigwa, na kiasi kidogo kilichobaki ni kura zilizoharibika.

Sasa tazama theluthi mbili inavyofanya kazi, kwa sababu wengi huichukulia kama wingi wa kawaida uliokazwa kidogo. Theluthi mbili ina maana kila Hapana moja inadai Ndiyo mbili za kuifuta. Kwa Hapana 29,019, serikali ingehitaji Ndiyo 58,038, na idadi hiyo inazidi jumla ya watu wote waliopiga kura siku ile. Tukiiweka kwa namna nyingine, kura halali zikibaki zilezile 51,512, Ndiyo zilitakiwa zifike 34,342. Zilipungua kwa karibu 11,850.

Matokeo haya hayakupaswa kumshangaza mtu aliyekuwa ameyatazama ya uchaguzi mkuu wa 2005. Katika uchaguzi ule ULP ilipata takriban asilimia 55 ya kura na chama cha upinzani, New Democratic Party (NDP), takriban asilimia 45. Ni mfumo wa majimbo uliozigeuza asilimia 55 za kura kuwa asilimia 80 za viti. Ndani ya Bunge serikali ilionekana kama jabali. Nje ya Bunge karibu nusu ya wapigakura walikuwa upande wa pili. Hata kama kila aliyeipigia ULP mwaka 2005 angerudi akasema Ndiyo, bila kukosekana hata mmoja, mswada usingefika theluthi mbili. Kwa hiyo tangu siku NDP, chini ya Arnhim Eustace, ilipoamua kufanya kampeni ya Hapana, mswada ulikuwa umeshakwama kwa hesabu tupu. Kilichobaki kujulikana ni ukubwa wa pengo.

Hali hii haikuipata St Vincent peke yake. Gambia, ambayo si kisiwa lakini ilirithi sharti lilelile, iliitisha kura ya kuwa jamhuri Novemba 1965. Ndiyo 61,563, Hapana 31,921. Hiyo ni asilimia 65.85, ushindi ambao chama chochote kingeusherehekea, lakini mswada ulianguka. Wangebadili upande watu 760 tu, ungepita. Ilibidi wasubiri hadi Aprili 1970 ndipo wakapata zaidi ya asilimia 70. Na huko Karibi kwenyewe, tarehe 6 Novemba 2018, Grenada na Antigua na Barbuda zilipiga kura siku moja juu ya kuhamisha rufaa kutoka London kwenda Mahakama ya Haki ya Karibi. Jambo lenyewe lilikuwa moja na dogo kuliko katiba nzima, tena sharti ni theluthi mbili. Grenada ilipata asilimia 45 hivi, Antigua karibu 48. Hakuna iliyofika hata nusu.

Je, sharti hili ni la kuonea? Serikali zinazoshindwa hulalamika kwamba wakoloni waliacha mlango umefungwa wakaondoka na ufunguo. Mimi sikubaliani nao moja kwa moja. Mwaka 1989, hukohuko St Vincent, NDP ya James Mitchell ilishinda viti vyote 15. Bunge zima likawa la chama kimoja. Kama katiba ingebadilishwa kwa kura za wabunge peke yao, mwaka ule hakuna ambacho kingekuwa salama: mahakama, mipaka ya majimbo, wala muda wa Bunge lenyewe. Katika nchi yenye majimbo machache namna hii, upepo ukivuma upande mmoja huchukua kila kiti. Kura ya maoni ndiyo ngao pekee iliyobaki wakati huo, na ngao hiyohiyo ndiyo iliyomlinda Malkia bila yeye kunyanyua hata kidole.

Kifurushi

Kikwazo cha pili kilikuwa cha siasa zaidi, na hiki serikali ingeweza kukiepuka.

Kazi ilianza vizuri. Mwaka 2003 iliundwa tume ya kupitia katiba chini ya mwanasheria Parnel Campbell, ikapita nchini na hata kukutana na raia walioko ughaibuni. Baada ya miaka sita ulitoka mswada mnene. Ulimwondoa Malkia na kuweka rais asiye mtendaji, anayechaguliwa na Bunge. Uliiondoa Privi Kaunsili ya London kuwa mahakama ya mwisho na kuweka Mahakama ya Haki ya Karibi, ambayo makao yake ni Port of Spain, Trinidad. Ulibadilisha mfumo wa uchaguzi: Bunge la watu 27, ambapo 17 wangetoka majimboni na 10 wangegawanywa kwa uwiano wa kura za vyama. Humohumo kulikuwa na vifungu juu ya haki, ndoa na madaraka ya kiongozi wa upinzani.

Nia ya kufunga yote pamoja inaeleweka. Kura ya maoni ni ghali kwa nchi ndogo, na sharti ni lilelile theluthi mbili, uwe umebadilisha neno moja au sura nzima. Basi kwa nini usibadilishe yote kwa safari moja? Pia kulikuwa na matumaini kwamba kila kundi lingekuta ndani yake kitu cha kulifurahisha. Viti 10 vya uwiano, kwa mfano, vingekiondolea chama kinachoshindwa hatari ya kufutika bungeni kama ilivyotokea 1989.

Kumbe mswada mkubwa hufanya kazi kinyume. Anayekubali mambo tisa na kuchukizwa na la kumi hana pa kuandika "ndiyo, lakini". Anasema Hapana kwa yote. Mwanasheria anayeiamini Privi Kaunsili anasema Hapana. Anayetaka rais achaguliwe na wananchi moja kwa moja anasema Hapana. Anayeona madaraka ya Waziri Mkuu hayakupunguzwa ipasavyo, na hii ndiyo hoja upinzani ulioishikilia sana, naye anasema Hapana. Hakuna kati ya hao aliyelazimika kumtetea Malkia. Australia iliyaona hayohayo tarehe 6 Novemba 1999: jamhuri ilipata asilimia 45 hivi, na sehemu ya waliokataa walikuwa wapenda jamhuri waliochukizwa na rais wa kuchaguliwa na Bunge.

Wasomaji wa Kenya hawahitaji maelezo marefu hapa. Novemba 2005, kwenye kura ya Ndizi na Chungwa, ni wangapi waliokaa wakaichambua rasimu kifungu kwa kifungu, na ni wangapi walioipigia kura serikali iliyoileta? Rasimu ilianguka kwa karibu asilimia 58. St Vincent mwaka 2009 ilikuwa katika hali hiyohiyo. Gonsalves alikuwa madarakani tangu 2001, ndiye aliyekuwa sura ya kampeni ya Ndiyo, na uchaguzi mkuu ulikuwa unakaribia. Kwa mfuasi wa NDP, kusema Ndiyo kulikuwa kumpa mpinzani wake ushindi wa kihistoria mwaka mmoja kabla ya kwenda naye debeni.

Malkia mwenyewe? Siku mbili baada ya kura, tarehe 27 Novemba 2009, alikuwa Port of Spain akifungua mkutano wa wakuu wa Jumuiya ya Madola, umbali wa saa moja hivi kwa ndege kutoka Kingstown. Waandaaji wa ratiba hawangeweza kupanga mkutano wa aibu kuliko huo.

Sikatai kwamba wapo waliopiga kura kwa ajili yake. Kwa wazee wengi wa visiwa hivi, Taji, yaani ufalme wenyewe, ni kitu kilichoko mbali kiasi kwamba hakiwezi kumpendelea mtu wa chama hiki au kile, na katika nchi ambayo kila mtu anajua binamu wa waziri ni nani, umbali huo una thamani yake. Hoja hiyo ilionekana wazi zaidi Tuvalu, huko Pasifiki. Tarehe 30 Aprili 2008 wananchi wa visiwa vile tisa waliulizwa swali safi, lisilochanganywa na mambo mengine: tubaki na Malkia au tuwe jamhuri? Waliotaka kubaki walikuwa 1,260, waliotaka jamhuri 679. Lakini angalia tena. Waliojitokeza walikuwa asilimia 21.5 tu ya walioandikishwa. Takriban wanne kati ya kila watano walibaki nyumbani au kwenye mitumbwi yao. Kwa hiyo hata pale ambapo swali lilikuwa la Malkia peke yake, jibu lililoshinda kwa mbali lilikuwa la kutojishughulisha nalo.

Barbados ilivyopita

Katiba ya Barbados ya 1966 ina sharti gumu pia, lakini lote limo ndani ya Bunge: theluthi mbili ya wajumbe wote wa kila baraza. Hakuna kura ya maoni. Nchi hiyo iliwahi kutunga sheria mwaka 2005 ya kuwezesha kura ya maoni juu ya jamhuri, lakini kura yenyewe haikufanyika, na katiba haikuidai.

Mei 2018 chama cha Mia Mottley, aliyekuwa Waziri Mkuu baada ya hapo, kilishinda viti vyote 30 vya Baraza la Wawakilishi. Baadaye mbunge mmoja, Joseph Atherley, alivuka upande na kuwa kiongozi wa upinzani, lakini theluthi mbili ni kura 20 tu. Kwenye Seneti ndiko kulikohitaji mahesabu. Wajumbe ni 21. Waziri Mkuu huteua 12, kiongozi wa upinzani 2, na Gavana Mkuu, yaani mwakilishi wa Malkia nchini, 7. Theluthi mbili ni 14, kwa hiyo serikali ilihitaji angalau maseneta wawili wasio wake. Iliwapata bila taabu.

Mswada uliwasilishwa tarehe 20 Septemba 2021, Wawakilishi wakaupitisha tarehe 28, Seneti tarehe 6 Oktoba. Tarehe 12 Oktoba Waziri Mkuu na kiongozi wa upinzani walimpendekeza kwa pamoja mtu wa kuwa rais, na tarehe 20 Bunge likamchagua. Usiku wa kuamkia tarehe 30 Novemba, siku ya kutimiza miaka 55 ya uhuru, bendera ya kifalme ilishushwa Bridgetown mbele ya Charles, wakati huo bado mwana mfalme, na rais wa kwanza akaapishwa.

Rais huyo alikuwa Sandra Mason, ambaye hadi usiku ule ndiye aliyekuwa Gavana Mkuu. Jambo hili watu hulipita haraka, ila kiufundi ndilo lililorahisisha kila kitu. Mtu ni yuleyule, na kazi zake zilibaki karibu zilezile: kutia saini sheria, kumteua Waziri Mkuu kutoka chama chenye wabunge wengi, kupokea mabalozi. Kilichobadilika ni jina la cheo na chimbuko la mamlaka yake. Mauritius, kisiwa cha bahari yetu, ilifanya vivyo hivyo tarehe 12 Machi 1992: Gavana Mkuu Veerasamy Ringadoo akawa rais wa kwanza, bila kura ya maoni, baada ya serikali kupata robo tatu ya Bunge. Jaribio la kabla ya hapo, mwaka 1990, lilikwama kwa kukosa kura hizo. Vyama viwili vikubwa vilipoungana kwenye uchaguzi wa 1991 ndipo njia ilipofunguka.

Na kuhusu katiba nzima, Barbados iliiweka kando. Iliondoa Taji kwanza, kisha mwaka 2022 ikaunda tume ya kuandaa katiba mpya. Mahakama ya mwisho nayo ilishahamishiwa Mahakama ya Haki ya Karibi mwaka 2005, nchi ikiwa bado chini ya Malkia. St Vincent ilitaka kuyavuka yote kwa hatua moja. Barbados iliyagawa kwa miaka 16. Wapo Wabarbados wanaolalamika kwamba hawakuulizwa, na lalamiko lao lina uzito: jambo la karne nne lilimalizwa kwa wiki chache za vikao.

Wangesema Ndiyo, nini kingebadilika?

Kwa mvuvi wa kisiwa cha Bequia, kesho yake asubuhi asingeona tofauti. Kwa wanasheria na watumishi wa serikali, mengi.

Gavana Mkuu angempisha rais. Viapo vingeandikwa upya. Kiapo cha utii katika nchi hizi kilitolewa kwa Malkia na warithi wake, na tarehe 8 Septemba 2022 Charles aligeuka kuwa mfalme wa St Vincent papo hapo, bila Bunge wala mwananchi kuulizwa. Mashtaka ya jinai, ambayo hufunguliwa kwa jina la mtawala, yangefunguliwa kwa jina la dola. Ardhi ya Taji ingekuwa ardhi ya serikali. Jeshi la polisi, ambalo lina neno "la Kifalme" katika jina lake, lingeweza kulitoa. La Barbados lilifanya hivyo.

Hapa ndipo waandishi wa miswada hujikwaa wasipokuwa waangalifu. Sheria za zamani zimejaa neno "Malkia" kila mahali: kwenye mikataba, hatimiliki, barua za uteuzi, kesi zilizo katikati. Huwezi kurekebisha sheria moja moja. Dawa yake ni kifungu cha tafsiri kinachosema kwamba kuanzia siku fulani, popote palipoandikwa Taji pasomeke dola, na kifungu cha mpito kinachosema kwamba kila mtumishi, jaji na kesi anaendelea pale alipo. Kikikosekana cha pili, wakili wa mshtakiwa wa kwanza kufikishwa mahakamani atauliza jaji huyu ameteuliwa na nani.

Uanachama wa Jumuiya ya Madola usingeguswa. Mkutano wa Kampala wa Novemba 2007 ulithibitisha kwamba mwanachama anayegeuka kuwa jamhuri halazimiki kuomba upya, mradi anaendelea kutimiza vigezo. Hofu ya kutengwa ilipaswa kuwa imezikwa hapo.

Noti nazo zingebaki na picha ya Malkia. St Vincent hutumia dola ya Karibi ya Mashariki, inayotolewa na benki kuu moja yenye makao St Kitts kwa ajili ya maeneo manane. Hakuna nchi moja kati yao inayoweza kubadilisha sura ya noti peke yake. Dominica ni jamhuri tangu siku ya uhuru wake, tarehe 3 Novemba 1978, na raia wake wamenunulia ndizi noti za Malkia kwa miaka yote hiyo.

Mahakama ya London pia si lazima iende pamoja na Taji, ingawa watu huyachanganya mambo haya mawili. Mauritius na Trinidad na Tobago ni jamhuri na bado hupeleka rufaa Privi Kaunsili. Jamaika ilikwama hapohapo: serikali iliwasilisha mswada wa jamhuri Desemba 2024, upinzani ukadai mahakama ihamishwe wakati huohuo, na Bunge likavunjwa kwa uchaguzi wa 2025 mswada haujapita. Katika Seneti ya huko serikali ina viti 13, upinzani 8, na theluthi mbili ni 14. Wakati ule seneta mmoja tu wa upinzani angetosha kuuvusha mswada kwenye Seneti.

Tanganyika na Kenya

Tanganyika ilipata uhuru tarehe 9 Desemba 1961 Malkia akiwa mkuu wa nchi na Richard Turnbull akiwa Gavana Mkuu. Mwaka uliofuata Bunge lilijigeuza kuwa Bunge Maalum, likapitisha katiba ya jamhuri. Wananchi walipiga kura Novemba 1962, lakini ilikuwa kura ya kumchagua rais, Julius Nyerere dhidi ya Zuberi Mtemvu. Swali la jamhuri lenyewe lilikuwa limeshajibiwa bungeni. TANU ilikuwa imeshika karibu kila kiti, na hapakuwa na kifungu kama cha 38 cha kuilazimisha itoke nje kuuliza.

Kenya ilikaribia zaidi. Mwaka 1964 serikali ya Kenyatta ilijiandaa kwenda kwa wananchi endapo Seneti ingekataa mabadiliko. Tarehe 10 Novemba chama cha upinzani, KADU, kilijivunja na wabunge wake wakahamia KANU ya Kenyatta, kura zikatosha bungeni, na kura ya maoni ikafutwa. Jamhuri ikaanza tarehe 12 Desemba 1964. Ukiweka Kenya ya 1964 kando ya St Vincent ya 2009 utaona kilekile: jambo hupita upinzani unapokubali, kwa hiari au kwa kumezwa.

Kujaribu tena

Kisheria hakuna kizuizi cha muda. Mswada mpya unaweza kuwasilishwa wakati wowote, siku 90 zikahesabiwa upya. Lakini hatua ya pili, ile ambayo mwaka 2009 ilikuwa nyepesi, nayo iligeuka nzito. Kwenye uchaguzi wa Desemba 2010 ULP ilirudi na viti 8 tu dhidi ya 7 vya NDP. Mwaka 2015 ikawa tena 8 kwa 7. Mwaka 2020, 9 kwa 6. Katika mabunge hayo matatu kura 10 za wabunge hazingepatikana bila msaada wa upande wa pili, kwa hiyo mswada usingefika hata kwa wananchi.

Kama ningeulizwa namna ya kuupanga mswada wa safari nyingine, ningeanza na makubaliano ya maandishi kati ya vyama viwili kabla ya kusomwa mara ya kwanza, kwa sababu theluthi mbili haipatikani kwa asilimia 55 za mtu mmoja. Mswada ungekuwa na jambo moja: Gavana Mkuu aliyepo anakuwa rais, kwa madaraka yaleyale, pamoja na vifungu vya tafsiri na mpito. Mahakama ingesubiri kura yake, na mfumo wa uchaguzi yake. Na tarehe ya kura ningeiweka mapema baada ya uchaguzi mkuu, miaka mitatu au minne kabla ya unaofuata, ili mtu anayesema Ndiyo asihisi kwamba anampigia mtu kampeni.